TUSEME NDANI YA KIKAO, SIYO CHINI YA MWEMBE
(Maneno ya Kamati kwenye mkutano wa wanachama)

Ndugu wanachama,

Msimu huu tumekaa vikao vitatu. Mwenyekiti akiuliza, "Kuna swali?", kimya. Tukishatoka, chini ya mwembe maneno hayaishi: mizani inatupunja, mbegu zimechelewa. Mbona ndani hatusemi?

Wengi wetu tunaona haya. Kiswahili hakijanyooka, tutachekwa. Na kweli, kikao kilichopita mama mmoja alisimama, akakwama, akachanganya na kilugha. Tukacheka, hata sisi wa Kamati. Lakini alikuwa anasema habari ya mizani. Baadaye tulipandisha mfuko wa saruji wa kilo 50, haujafunguliwa. Mizani ikasoma 47! Kilo tatu kila gunia, na sisi tulikuwa tunacheka.

Wazee watakumbuka kampeni ya Mtu ni Afya, mwaka 1973. Watu karibu milioni mbili nchini walikaa vikundi vikundi, wakasikiliza redio, halafu wakajadiliana wenyewe. Redio haikuchimba choo hata kimoja. Walichimba watu, baada ya kuulizana, kubishana na kukubaliana.

Basi ndugu, tumekubaliana hivi: anayesema asikatizwe, wala asichekwe. Akikwama, tumngoje. Akikosea, tumwulize. Mama yule tumemwomba radhi, na Jumamosi saa nane yeye ndiye atakayeanza kusema, mizani ikiwa mbele yetu sote.

Njooni na maneno yenu hivyo hivyo yalivyo.

Ni sisi,
Kamati