Usingoje Wavunje Mlango, Korti Inaweza Kuamuru Ulindwe



Vijana wenzangu, leo hapa Gesima nataka tuongee kuhusu yule mtu anayekwambia, "Utaona." Anakutumia meseji usiku. Anapita na panga kwenye mpaka wa shamba la majani chai akimwita mama yako mchawi. Wewe unafanya nini? Wengi wetu hunyamaza. Wengine wanakimbilia sungusungu, na hapo ndipo mambo huharibika zaidi.

Usiseme ni maneno tu. Mei 2008 watu 11, wengi wao wazee, walichomwa moto hadi kufa huku Kisii kwa tuhuma za uchawi. Oktoba 2021, kule Marani, wanawake wanne wazee wakauawa kwa tuhuma hizo hizo. Kabla ya moto huwa kuna maneno. Na maneno yenyewe ni kosa: kumtangaza jirani kuwa mchawi kunakatazwa na Sheria ya Uchawi ya 1925, na kutishia kuua, kifungu cha 223 cha Kanuni ya Adhabu, kunaweza kumpa mtu jela miaka 10.

Sasa, anza kituoni. Ripoti, na usitoke bila namba ya OB. Meseji usifute, hata ile ya matusi inayokuchoma roho. Andika tarehe, mtafute jirani aliyesikia. Ukiambiwa "nendeni mkaelewane nyumbani", na mara nyingi utaambiwa hivyo, namba ile ndiyo itakayoongea mbele ya hakimu.

Hakimu yuko hapo Keroka. Sheria ya mwenendo wa kesi za jinai, kifungu cha 43, inakuruhusu uape ueleze hofu yako. Akiridhika, anamwita mhusika aseme kwa nini asitie sahihi bondi ya kutunza amani, hadi mwaka mmoja. Anayekutisha akiwa mume au mtu wa familia, kuna sheria ya 2015 ya kukinga watu dhidi ya unyanyasaji wa nyumbani, na korti inaweza kutoa amri ya muda kabla hata yeye hajasikizwa.

Lakini kama polisi wamekataa kukulinda, ama ndio wanaokusumbua, hapo ni Mahakama Kuu, Nyamira. Katiba kifungu cha 29 inakupa usalama wako. Cha 23 kinampa jaji uwezo wa kutoa amri za kukuhifadhi kesi ikiendelea, hata kumwamuru OCS akulinde. Na cha 22, hiki wengi hawakijui: kufungua kesi ya haki hulipi ada, ikibidi korti inapokea hata barua ya kawaida, na asiyeweza kwenda anaweza kuwakilishwa na mwingine. Nyanya wa miaka 80 hawezi kupanda matatu hadi Nyamira? Mjukuu, nenda wewe!

Sitawadanganya kwamba karatasi inazuia risasi. Wakili Willie Kimani alikuwa akimtetea Josephat Mwenda, mwendesha bodaboda aliyepigwa risasi na polisi akalalamika kwa IPOA. Juni 2016 walitoka korti ya Mavoko na dereva wao, Joseph Muiruri, wasifike nyumbani. Waliuawa wote watatu. Polisi waliohusika walipatikana na hatia 2022, na mmoja, Fredrick Leliman, akahukumiwa kifo Februari 2023. Kwa hivyo usiende kortini peke yako, na watu wa nyumbani wajue umetoka saa ngapi na unapitia wapi. Kama wewe ni shahidi, mwambie mwendesha mashtaka mapema kuhusu Shirika la Kulinda Mashahidi. Usingoje siku ya kutoa ushahidi.

Amri ikitoka, itoe nakala. Moja mpelekee OCS, na yako igongwe muhuri wa kupokelewa, na tarehe. Nyingine kwa chifu. Nyingine iache kwa mtu unayemwamini nje ya boma lenu. OCS akiipuuza na muhuri uko hapo, unarudi kwa jaji yule yule, unamwomba amwite aje ajieleze kwa kuidharau mahakama.