Karo Kutoka kwenye Pipa: Mapenzi, Familia na Ulevi kati ya Kitale na Bungoma



Huku kwetu tukitaja vileo na mihadarati, maneno ya kwanza kututoka kinywani ni vita na msako. Chifu huandamana na polisi hadi mtoni, kangara inayochachuka ikamwagwa, mapipa yakatobolewa, picha zikapigwa. Kabla ya wiki kwisha moshi unafuka tena kando ya mito ya Nzoia na Kuywa, pale pale. Jioni hii nina hoja moja tu ya kutetea. Ulevi haukutuvamia kama jeshi la kigeni. Ulikaribishwa nyumbani na watu wanaopendana, kila mmoja kwa sababu anayoweza kuieleza bila haya, na ndiyo maana virungu havijauondoa.

Nianze na mpishi. Nyumba yake mnaijua, kwa hiyo sitamtaja mtu. Mama ameachwa au amefiwa, ana nusu ekari ya mahindi ambayo huisha kabla ya mwezi wa sita, na mwanawe ameitwa kidato cha kwanza. Ananunua sukari guru, anachanganya na unga na kimera, anaiacha kangara ichachuke siku kadhaa, kisha anaipika ndani ya pipa huku mvuke ukipozwa kwa maji baridi. Maji hayo ndiyo yanayomfanya apike mtoni wala si jikoni kwake. Kinachodondoka ndicho chang'aa. Anaiuza kwa glasi, na shilingi za glasi zinageuka kuwa karo, sare na godoro la bweni. Wako walimu na wauguzi katika kaunti za Trans Nzoia na Bungoma ambao cheti chao kililipiwa na pipa. Simwombi mtu anyanyue mkono.

Mapenzi hayo ni ya kweli, na mimi siwezi kumwita mama huyo mhalifu nikaishia hapo. Lakini fuateni hiyo shilingi mjue ilikotoka. Ilitoka kwa mume wa jirani, aliyeuza debe la mahindi bila kumwambia mkewe, na mtoto wa nyumba ile amerudishwa nyumbani kwa kukosa karo. Ada ya mtoto mmoja imelipwa kwa ada ya mwingine, umbali wa ua mmoja. Nao hao akina mama wawili ni wa kanisa moja, pengine wa chama kimoja cha kuweka na kukopa, na Jumapili wanashikana mikono. Nici Nelson, mwanaanthropolojia aliyefanya utafiti Mathare, Nairobi, miaka ya 1970, aliwaeleza wanawake wapika busaa, pombe ya nafaka, waliojenga maisha yao nje ya ndoa kwa kazi hiyo. Maisha ya hapa ni magumu zaidi kuyaeleza, kwa sababu huku mpishi na mteja ni watu wa ukoo mmoja.

Sheria nayo ilifanya nini? Mwaka 1980 Bunge lilipitisha sheria ya kupiga marufuku chang'aa. Miaka 30 baadaye, Sheria ya Kudhibiti Vileo ya 2010, ambayo wengi wetu tunaiita sheria ya Mututho kwa jina la mbunge wa Naivasha aliyeipigania, ilifuta ile ya 1980. Ghafla chang'aa ikahalalishwa, mradi mtengenezaji awe na leseni, atimize viwango vya ubora na aifunge kwenye chupa. Mwenye mtaji alipata nafasi ya kufungua kiwanda. Mama wa mtoni alibaki alipokuwa, akiwa na kosa lile lile chini ya jina jipya. Naona sheria hiyo ilikuwa na nia njema kuhusu afya. Watu zaidi ya 130 walikuwa wamekufa Nairobi mnamo Novemba 2000 kwa kunywa pombe ya kumi kumi iliyotiwa methanoli, na wengine wakapofuka. Ila sheria hiyo ilitungwa kana kwamba pombe ni bidhaa tu, isiyo na shangazi wala mjomba.

Na pombe ya huku ina wajomba. Miaka shufwa, ifikapo Agosti, Wabukusu hupeleka vijana wao jandoni. Busaa hupikwa kwa ajili ya sherehe, na kijana mwenyewe humimina maji kwenye mtungi inamochachukia. Huenda kwa khocha, kaka ya mama yake, naye humchinjia fahali. Pombe ile imebeba ujumbe wote wa undugu: nani amekuja, nani amesusa, nani amepewa mrija wa kunywea kwanza. Walter Sangree aliandika mwaka 1962 kuhusu Watiriki, majirani zetu wa kusini, akieleza jinsi kuketi kuzunguka mtungi mmoja kulivyowapatanisha wazee. Justin Willis, katika historia yake ya vileo Afrika Mashariki iliyotoka 2002, anaonyesha jinsi unywaji ulivyofungamana na mamlaka ya wazee: wao ndio waliokuwa na haki ya kunywa, na kijana alisubiri umri wake.

Tusiwapambe wazee, hata hivyo. Mwanamke alipigwa na mlevi wa busaa halali kama anavyopigwa leo na mlevi wa chang'aa haramu, na mfumo uliomzuia kijana kunywa haukumzuia babake kumpiga mamake. Wamisionari wa Quaker, waliofika Kaimosi mwaka 1902 na baadaye kujenga misheni Lugulu, waliwataka waumini wao waache pombe kabisa. Wanawake wengi waliliona kanisa kuwa kimbilio, na sishangai. Gharama yake ilikuwa kwamba mtoto wa mwamini alipofika umri wa jando, nyumba iligawanyika: mjomba alikuwa upande wa mtungi, baba upande wa Biblia. Mpasuko huo haujaziba. Hadi leo yuko mzee wa kanisa anayekemea pombe madhabahuni na kulipia sukari guru ya sherehe ya mjukuu kwa siri.

Kilichovunja ulinzi wa umri ni fedha. Walowezi walichukua ardhi ya Trans Nzoia, reli ikafika Kitale mwaka 1926, na vijana kutoka upande wa Bungoma wakaenda kufanya kazi kwenye mashamba ya mahindi. Kijana mwenye ujira hahitaji ruhusa ya babu ili anywe. Anahitaji shilingi. Tangu hapo mwenye kunywa ni mwenye kulipa, na mwenye kulipa anaweza kuwa na miaka 15.

Mwaka 2022 NACADA, mamlaka ya taifa ya kupambana na matumizi mabaya ya vileo na mihadarati, ilifanya utafiti wa Wakenya wenye umri wa miaka 15 hadi 65. Mmoja kati ya kila 6 alikuwa akitumia angalau kileo au dawa moja. Wanywaji wa pombe walikadiriwa kuwa kama milioni 3.2, na wavutaji wa bangi zaidi ya nusu milioni. Eneo la Magharibi, ambamo Bungoma imo, liliongoza kwa unywaji wa pombe. Takwimu hizo zinahesabu vichwa. Hazimhesabu mke anayempigia mwajiri simu kusema mume ana malaria, wala dada anayelipa deni la baa ili ng'ombe asichukuliwe.

Huyo mke ndiye ninayetaka tukae naye kidogo. Kiwanda cha karatasi cha Pan Paper kilipofungwa mwaka 2009, Webuye ilipoteza zaidi ya mishahara. Mwanamume aliyezoea kuingia nyumbani na unga mwisho wa mwezi alianza kuingia mikono mitupu. Kwenye kilabu hakuna anayemuuliza alichobeba. Mkewe aliyaona hayo yote na akavumilia, kwa kuwa bado alimkumbuka yule aliyemwoa. Akaanza kuuza mboga, akalipa kodi, akamwekea chakula hata aliporudi saa nane za usiku. Sisi tunaotoa ushauri humwambia mke wa aina hii kwamba anamlea mlevi, kana kwamba ni kosa lake. Mimi siafiki. Anafanya kazi ambayo serikali, kanisa na ukoo vimekataa kuifanya, na anaifanya bila zana. Ila ni kweli pia kwamba kila deni analolifuta linampa mume nafasi ya kutoyaona madhara yake mwenyewe. Nikiulizwa kuhusu mke anayevumilia kipigo, jibu langu ni fupi: Sheria ya Ulinzi Dhidi ya Ukatili wa Nyumbani ya 2015 inamruhusu kuomba amri ya mahakama, na hakuna mchungaji mwenye haki ya kumzuia.

Kwa mama wa mvuta bangi fundo ni jingine. Bangi hupenya mipakani, Suam kwa upande wa Kitale na Lwakhakha kwa upande wa Bungoma, na nyingine hustawi katikati ya mahindi, ambako jicho la askari halifiki. Sheria ya dawa za kulevya ya mwaka 1994 ina adhabu kali za kifungo. Mama anajua hilo. Kwa hiyo kijana anaposema, "Mayi, nipe hamsini tu," anampa, maana asipompa ataiba kuku wa jirani, na akiiba atachomwa na umati au atafungwa. Hamsini ile ni bima. Tukimwuliza kwa nini anamharibu mwanawe, atatuuliza kwa nini hakuna mahali pa kumpeleka pasipokuwa na pingu.

Na kuna watoto ambao wameikimbia nyumba kabla ya swali hilo kuulizwa. Wapitao karibu na steji ya Kitale wamewaona, chupa ya gundi imebanwa chini ya pua. Gundi inapunguza baridi na njaa kwa muda, nayo inaharibu ubongo na mapafu. Utafiti uliofanywa Eldoret na Lonnie Embleton na wenzake, miongoni mwa watoto wa mitaani, ulionyesha kwamba gundi ndiyo iliyotumiwa zaidi, na kwamba mtoto aliyekuwa na jamaa anayekunywa pombe alielekea zaidi kutumia dawa. Barabarani wanajipanga kama ukoo: mkubwa anamlinda mdogo, na chupa inazunguka jinsi mrija ulivyozunguka kwa mababu zao. Anayetaka kumtoa mtoto pale amjue kwanza huyo kaka wa barabarani, kwa kuwa hatamwacha nyuma.

Tiba ipo? Pwani, ambako tatizo ni heroini, kuna methadoni; ilianza kutolewa katika hospitali ya Mathari, Nairobi, mwishoni mwa 2014 na Malindi mwaka uliofuata. Chang'aa haina dawa mbadala ya namna hiyo. Tunachokifanya sisi ni mambo mawili, yote mabaya. La kwanza ni kumfungia mlevi chumbani aache kwa nguvu. Ndugu zangu, aliyekunywa sana kwa miaka mingi akikatizwa ghafla anaweza kupata degedege, akaweweseka, hata akafa. Apelekwe hospitali. La pili ni kumpeleka kituo cha binafsi cha kurekebisha tabia kwa miezi mitatu, kwa ada inayoweza kumeza mavuno ya ekari nzima, kisha kumrudisha kwenye ua ule ule wenye pipa lile lile.

Karibu na sisi, Eldoret, kumejaribiwa njia nyingine. Rebecca Papas na wenzake walichapisha mwaka 2011 matokeo ya ushauri wa vikundi kwa wagonjwa wa VVU waliokuwa wanywaji. Vikao vilikuwa 6, kwa Kiswahili, wanaume peke yao na wanawake peke yao, vikiongozwa na watu waliofunzwa kazi hiyo bila kuwa na shahada za saikolojia. Unywaji ulipungua. Mwaka 2020 Ali Giusto, Eve Puffer na wenzao, akiwemo Profesa David Ayuku wa Chuo Kikuu cha Moi, walitoa matokeo ya mradi wa akina baba wanaokunywa kupita kiasi. Hawakuishia kumwambia baba aache pombe. Walimpangia pia saa za kukaa na watoto na kuzungumza na mke, na washauri walikuwa watu wa mtaa wake. Baba hao walikuwa 9 tu, idadi ndogo mno ya kujengea sera ya taifa. Lakini unywaji wao ulishuka na familia zikaona tofauti, na mimi naiamini njia hiyo kuliko msako, kwa kuwa inamrudishia mtu nafasi aliyoipoteza mezani kwake. Anayeacha pombe lazima awe na mahali pa kwenda saa kumi na moja jioni.

Sasa niseme na waheshimiwa wa mabunge ya kaunti. Jedwali la Nne la Katiba ya 2010 limezipa kaunti jukumu la kutoa leseni za pombe na kudhibiti dawa za kulevya. Hamwezi kuielekezea Nairobi kidole. Fedha za leseni mnazokusanya baa zinapofunguliwa, tengeni sehemu yake iwalipe washauri wa mtaa, wanaume na wanawake, watakaoketi na familia nzima na si mlevi peke yake. Wekeni wadi ya kuwaondolea walevi sumu mwilini katika hospitali za Kitale na Bungoma. Na kabla ya polisi kutoboa pipa la mama, apatiwe mkopo wa kuku au wa mbogamboga wenye kulipa karo ya muhula ujao. Pipa lililotobolewa bila karo mkononi hununuliwa jingine Jumatatu.

Kwa mliokuja hapa mkiwa na mtu wenu kichwani: nambari ya NACADA ni 1192, haitozwi hata senti. Pigeni leo, naye akiwa kando yenu.