Kutembea Baada ya Kupoteza Nyumba na Afya

Leo nataka kuzungumza nawe uliyepoteza nyumba, kisha mwili nao ukaanza kukusumbua.

Mapema mwaka wa 2008, baada ya ghasia za uchaguzi, maelfu ya watu walilala kwenye mahema katika uwanja wa maonyesho wa Eldoret. Mama mmoja alitoka pale akaja kupanga chumba hapa Kimumu, na watoto watatu. Alikuwa na presha. Usiku hakulala, mchana alikaa mlangoni tu, hata sufuria hakutaka kuishika. Muuguzi alimpima, akampa tembe, kisha akamuuliza, "Mama, wewe hutembea?" Akacheka kwa uchungu. Mara ya mwisho kutembea mbali alikuwa anakimbia, mtoto mgongoni.

Jirani ndiye aliyemtoa. Walianza na dakika kumi asubuhi, wakifuata barabara ya Iten, kisha kurudi. Wiki iliyofuata kumi na tano. Siku nyingine alilia njiani, na jirani akanyamaza tu wakaendelea. Baada ya miezi kadhaa walikuwa wanatembea saa nzima. Nyumba yake haikurudi, na tembe bado anameza. Lakini usingizi ulirudi, na presha ikashuka.

Kwa nini husaidia? Unapotembea, misuli ya miguu hutumia sukari iliyo kwenye damu, na moyo huzoea kazi. Mawazo mazito nayo hupungua. Shirika la Afya Duniani linashauri mtu mzima apate angalau dakika 150 kwa wiki, yaani nusu saa kwa siku tano. Tembea kwa mwendo ambao unaweza kuongea lakini huwezi kuimba. Najua utasema, "Mimi huchota maji na kulima, si hiyo ni kutembea?" Ndiyo, inahesabika. Ila kutembea bila mzigo kichwani ni kitu kingine, jaribu uone.

Kwanza pita kliniki upimwe. Usiache dawa kwa sababu umejisikia vizuri. Ukiwa na ugonjwa wa sukari, vaa raba zinazokutosha na soksi, usiende miguu mitupu, na jioni kagua nyayo kama kuna kidonda. Kama unatumia insulini, beba peremende au sukari kidogo. Ukitetemeka na kutoka jasho baridi, ile na upumzike. Tembea upande unaoyaona magari yakija, maana bodaboda za huku hazingoji mtu. Ukibanwa na kifua au kuishiwa pumzi, simama, utafute msaada mara moja.

Na ukianza kufikiri kwamba heri ufe, usingoje kesho. Mwambie mtu leo, akusindikize hospitalini.

Wiki ijayo tutazungumzia maji safi ya kunywa. Kwaheri, mama.