Ufunguo Usipotee
(Mazungumzo yaliyotolewa katika mkutano wa mwaka wa wanafunzi wa zamani)



Nimeombwa niseme machache juu ya kutunza kumbukumbu kwa kompyuta. Nitaanza na kosa langu mwenyewe.

Nilipokuwa msimamizi wa masjala katika ofisi moja ya serikali, tulipiga picha majalada ya watumishi, tukayaweka katika diski moja. Nikaifunga kwa usimbaji fiche, yaani maandishi hugeuzwa fumbo lisilosomeka bila neno la siri. Neno hilo niliandika katika shajara, na shajara ikapotea safarini. Majalada yenyewe yalikwisha kuliwa na mchwa.

Akaja mzee mmoja, dereva mstaafu, kutafuta barua yake ya ajira ili alipwe haki yake. Alikuja mara nne. Diski ilikuwa mezani, nzima, na barua imo ndani. Sikuweza kuifungua. Alihangaika miezi minane kutafuta nakala kwingine.

Fumbo hilo, ndugu zangu, halimjui mwenyewe wala mwizi. Njia ya AES, waliyoibuni Wabelgiji Joan Daemen na Vincent Rijmen, ikakubaliwa rasmi Marekani mwaka 2001, hutumia ufunguo wa hadi biti 256. Hakuna wa kuubahatisha.

Wengine husema, basi tupeleke kwenye wingu. Wingu haliko mbinguni. Ni kompyuta za watu wengine katika nyumba ya watu wengine. Tarehe 10 Machi 2021 jengo la kampuni ya OVHcloud mjini Strasbourg, Ufaransa, liliteketea. Wateja wasiokuwa na nakala mahali pengine walipoteza kumbukumbu zao.

Kwa hiyo nashauri: kwanza, fumba kabla ya kupeleka kwenye wingu, ufunguo ubaki kwako. Pili, weka nakala nyingine mbali na hapo. Tatu, andika ufunguo katika bahasha mbili zenye lakiri, kwa watu wawili, mahali pawili. Nne, jaribu kufungua mara kwa mara, usingoje siku ya shida.

Hapa shuleni ufunguo wa stoo ya chakula ulikuwa kwa mwalimu wa zamu, na wa pili kwa kiranja. Tulilijua hilo tukiwa kidato cha kwanza. Mimi nikalisahau nikiwa na digrii.