Majina Yasiyoandikwa



Tumeombwa kusema habari za maisha ya watu wetu wa Tabora katika miaka ya kwanza ya nchi huru. Lakini habari hizo hazianzi tarehe 9 Desemba 1961, zaanzia njiani.

Zamani zile, kabla reli haijafika hapa mwaka 1912, safari ya kwenda Bagamoyo ilikuwa ya miguu. Mpagazi wa Kinyamwezi alijitwika mzigo wa frasila mbili, yaani ratili 70, akaenda nao miezi mitatu hivi. Wengi walikwenda kwa hiari yao, wapate ujira. Wengine, ambao hawakuulizwa radhi, walipita njia ile ile wamefungwa shingoni. Pembe za ndovu zilipimwa, zikaandikwa vitabuni. Majina ya waliozichukua hayakuandikwa.

Wachache tu twawajua. Mwaka 1873 Susi na Chuma na wenzao walifika Unyanyembe wakichukua maiti ya Livingstone. Mwingereza Cameron, waliyemkuta hapa, akawashauri wamzike papa hapa. Wakakataa. Februari 1874 wakamfikisha Bagamoyo. Watu wale, basi, hawakuwa mabega tu. Walikuwa na shauri lao, nao walilishika.

Hata nchi ilipopata uhuru, wajukuu wengi wa wapagazi walikuwa hawajui kuandika. Karatasi ikiletwa, walitia dole gumba. Mwalimu Nyerere, aliyesoma Tabora kisha akafundisha Shule ya Mtakatifu Maria, aliutangaza mwaka 1970 kuwa mwaka wa elimu ya watu wazima. Ninyi wazee mwakumbuka: alasiri, watu wametoka kulima karanga na tumbaku, mama ana mtoto mgongoni, babu amevaa miwani ya kuazima, wote wameketi chini ya mwembe, na ubao umeegemezwa shinani. Tusiseme kila jambo lilikwenda vema. Chaki zilikwisha, taa zilikosa mafuta, na wanaume wengine waliona haya kusahihishwa na kijana mdogo, wakaacha kuja. Wanawake, kwa tulivyoona sisi, walivumilia zaidi.

Twamkumbuka mama mmoja wa kigangoni. Siku ya ndoa yake alikuwa ametia dole gumba katika kitabu cha kanisa. Miaka ikapita, akaja kusimamia ubatizo wa mtoto wa jirani. Katekista, kwa desturi, akamsogezea kidau cha wino. Mama akakisukuma kando, akaomba kalamu. Akaandika polepole sana, herufi kubwa kubwa, na watu nyuma yake wakingoja. Jina lake likavuka mstari, likaingia katika nafasi ya mtu mwingine. Katekista alitaka kulifuta aliandike upya; padre akamzuia.