Sauti Nayo ni Mali
Somo la redio kwa watu wazima: Kazi ya Bibi Martha Wash, mwimbaji wa hausi

Ndugu wasikilizaji, nanyi wa Jorodom, chini ya Mlima Hanang, mliotoka shambani na malishoni, kaeni kitako. Mwenye kalamu na aishike.

Ng'ombe akipotea, mwenyewe humtambua kwa alama aliyomtia. Hata akimkuta mnadani, aweza kusema, "Huyu ni wangu." Lakini je, sauti ya mtu hutiwa alama gani? Leo tutajifunza habari za mwanamke ambaye sauti yake ilisikika duniani kote, na huku uso uliotazamwa ulikuwa wa mtu mwingine.

Kwanza, hausi ni muziki gani? Ni muziki wa kucheza dansi, nao ulizaliwa katika mji wa Chicago, Marekani. Mwaka 1977 kulikuwako huko ukumbi ulioitwa Warehouse, maana yake ghala, na mpiga santuri wake mashuhuri alikuwa Bwana Frankie Knuckles. Inasemwa kwamba jina la hausi lilitokana na jina la ukumbi huo. Mapigo yake ni manne yaliyo sawa, hayakatiki, kiasi cha 120 kwa dakika, na mara nyingi hupigwa na mashine. Kwa kuwa mashine haina roho, watengenezaji hutafuta sauti ya mtu yenye nguvu, na mara nyingi wameipata kwa wanawake waliolelewa katika kwaya za kanisa.

Mmoja wao ni Bibi Martha Wash. Alizaliwa San Francisco tarehe 28 Desemba, 1953, akaanza kuimba kanisani. Katika miaka ya 1970 yeye na mwenziwe, Bibi Izora Rhodes, walikuwa waitikiaji wa mwimbaji Sylvester. Baadaye wawili hao wakajulikana kwa jina la The Weather Girls, na wimbo wao "It's Raining Men" wa mwaka 1982 ukapendwa katika nchi nyingi. Walikuwa wanawake wanene, wala hawakuona haya. Jina lao la kwanza, Two Tons O' Fun, lilikuwa na maana ya tani mbili za furaha.

Sasa sikilizeni kwa makini. Karibu na mwaka 1990 Bibi Martha aliitwa studio kuimba nyimbo za kundi la Kitaliano liitwalo Black Box. Aliimba, akalipwa ujira wake, akaenda zake. Nyimbo zilipotoka, mojawapo ikiwa "Everybody Everybody", katika filamu zake alionekana msichana mwembamba kutoka Ufaransa akichezesha midomo tu. Sauti ilikuwa ya Martha. Jambo lile lile likatokea tena kwa kundi la Marekani la C+C Music Factory. Wimbo wao "Gonna Make You Sweat" ulishika nafasi ya kwanza Marekani mwaka 1991, na katika filamu yake mwanamke mwingine akashika nafasi ya Martha.

Fikirini uchungu wake. Watu wanacheza kwa sauti yako, wanashangilia, na wanamshangilia mwingine. Tena si uchungu wa moyo tu. Mwimbaji asiyejulikana haitwi jukwaani, na asiyeitwa hali.

Bibi Martha hakukaa akilia. Alikwenda mahakamani. Kampuni ya RCA, iliyouza santuri za Black Box huko Marekani, ikapatana naye na kumpa mkataba wa kurekodi kwa jina lake mwenyewe. Santuri yake "Martha Wash" ikatoka mwaka 1993. Kampuni ya Sony nayo ikapatana naye mwaka 1994, na ikaomba kituo cha televisheni cha MTV kiandike kwenye filamu ile kwamba sauti ni ya Martha Wash. Ujira alikuwa amekwisha kuupata tangu zamani. Sasa alipata jina, na jina ndilo linalomletea mwimbaji kazi ya kesho.

Je, mambo haya yako mbali nasi? Hayako mbali. Mwaka 2023 ulitoka wimbo wa hausi uitwao "Mwaki", yaani moto, wa mtengenezaji kutoka Brazil aitwaye Zerb. Anayeimba humo ni Mkenya, Bibi Sofiya Nzau, naye anaimba kwa Kikuyu. Wimbo huo umechezwa Ulaya na kwingineko na watu wasiojua neno moja la lugha hiyo, na jina la Sofiya Nzau limeandikwa pamoja na la Zerb.

Basi, hata Jorodom anaweza kufika mtu mwenye simu au kinasa sauti, akamkuta mama hodari anayeongoza nyimbo harusini. Asifukuzwe, maana huenda kaleta heri. Lakini kabla ya kuimba, mama aulize: Sauti hii itatumika wapi? Jina langu litaandikwa? Nitalipwa mara moja tu, au kila wimbo utakapoleta faida? Majibu yaandikwe na kutiwa sahihi, na asiyejua kusoma asomewe na mtu anayemwamini. Nakala moja ibaki kwake.

Tanzania tunayo Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki, Namba 7 ya mwaka 1999. Inamlinda mtunzi, inamlinda na mwimbaji, tena ina sehemu yake kuhusu sanaa za jadi, ambazo ni mali ya jamii nzima. Mtunzi anaweza kuandikisha kazi yake COSOTA. Hiyo ndiyo alama ya kumtia ng'ombe wetu huyu asiyeonekana kwa macho.

Maswali ya kuzungumza katika kikundi:
1. Kwa nini ujira wa siku moja haukumtosha Bibi Martha?
2. Wimbo wa jadi ukirekodiwa, nani aulizwe ruhusa: mwimbaji, wazee, au wote?
3. Katika kijiji chenu, nani anaweza kumsaidia mwimbaji kusoma mkataba?

Zungumzeni bila haraka, na akina mama wapewe nafasi ya kusema. Kwaherini mpaka somo lijalo.