Siri za Kilindini

Wasikilizaji wetu wa Tarime na Serengeti, aliyeitazama filamu ya mwaka 2014, The Imitation Game, isimuliayo mkasa wa Alan Turing, yule mwanahesabu wa Kiingereza aliyefumbua siri za Wajerumani katika Vita vya Pili vya Dunia, kisha mwaka 1952 mahakama ya nchi yake ikamtia hatiani kwa mapenzi ya jinsia moja na kumpa hiari (kama hiyo ni hiari!) ya jela au dawa za kuuhasi mwili, aghalabu hudhani kwamba kazi ile ilikuwa ya Ulaya pekee.

Sivyo. Mwaka 1942, Wajapani walipoishambulia Colombo, wafumbuzi wa Kiingereza waliokuwa huko walihamia Mombasa, wakajisitiri katika skuli ya Allidina Visram, na humo, kwa kutega sikio kwenye mawimbi hafifu ya redio yaliyovuka Bahari ya Hindi, wakaivunja JN-40, lugha ya siri ya meli za shehena za Kijapani.

Kilindini, bandari ya Mombasa, ndiyo waliyoondokea askari wa King's African Rifles (KAR), jeshi la kikoloni la Kiingereza lililowaandikisha Wakurya wengi, kuelekea Burma. Na tarehe 12 Februari 1944 meli ya Khedive Ismail, iliyong'oa nanga hapo, ilizamishwa na nyambizi ya Kijapani, wakaangamia watu wapatao 1,300.

Turing alifariki mwaka 1954, akasamehewa mwaka 2013. Nanyi, ambao babu zenu walirejea kutoka vita hivyo na medali, tafadhalini msiziuze kwa wanunua vyuma chakavu. Andikeni majina yao.